GPS ikivurugwa ziwani, mbona droni bado inapiga?

SWALI: Jambo injenieri. Mimi ni nahodha wa boti ya mizigo na abiria kati ya Goma na Bukavu, kwenye Ziwa Kivu. Kuna siku kifaa changu cha GPS kinanionyesha niko Masisi, juu ya mlima, wakati niko majini na kisiwa cha Idjwi nakiona kwa macho. Watu wanasema mawimbi yanavurugwa ili kuzuia droni. Lakini droni zinapita tu, na zinapiga. Zinaonaje njia? Muuza vifaa mmoja ananishauri ninunue GPS mpya inayosoma setilaiti za Ulaya, Urusi na China, eti shida itaisha. Ni kweli? Na abiria wakisikia ule mlio wa droni wanazima telefone. Inasaidia?

JIBU: Jambo sana, nahodha. Nianze na huo mlima wako, maana unaeleza mengi. Mawimbi ya GPS yakizibwa tu, kifaa hakikupeleki Masisi. Kinasema hakipati setilaiti, au kinaganda pale kilipokuwa mwisho. Kikikuweka mahali pengine kabisa bila kusitasita, basi kuna mtambo unaotuma mawimbi ya kughushi, yaliyotengenezwa yafanane na ya setilaiti lakini yenye nguvu zaidi. Kuyashinda nguvu si kazi ngumu. Setilaiti za GPS ziko kilomita 20,200 juu yetu, na mawimbi yake yakifika Kivu ni mnong'ono katikati ya soko la Virunga. Mtambo mdogo uliowekwa kilimani unaufunika.

Sasa droni. Wengi wanadhani inaongozwa na GPS kama boti yako, na hapo ndipo hesabu inapokosewa. Droni yenye silaha ina kazi tatu: ijue iko wapi, iwasiliane na anayeiendesha, kisha ione shabaha na kuipiga. GPS inasaidia hasa ile ya kwanza, na hata hiyo ina njia nyingine ya kuifanya.

Chukua zile kubwa: CH-4 ya China, ambayo Kongo iliipata mwaka 2023 na kuiweka Kavumu, uwanja wa ndege wa karibu na Bukavu, au Bayraktar TB2 ya Uturuki iliyojipatia jina katika vita vya Nagorno-Karabakh mwaka 2020. Ndani yake kuna vifaa vinavyohisi kila mgeuko na kila badiliko la mwendo, na kompyuta inajumlisha yote tangu ndege ilipopaa. Mfumo mzuri wa aina hiyo ukiachwa peke yake bila GPS hukosea kama maili moja ya baharini kwa saa. Kwa mtu anayetazama Ziwa Kivu lote kwenye kioo chake, kosa hilo ni dogo. Idjwi unayoiona wewe, naye anaiona. Tena antena yake ya GPS iko mgongoni, inaangalia juu, na mtambo wa kuvuruga uko chini. Kiwiliwili cha ndege chenyewe kinaikinga antena hiyo kidogo.

Ikifika saa ya kupiga, GPS haina kazi kubwa tena. Kombora dogo la TB2 liitwalo MAM-L, lenye uzito wa kilo 22, linafuata leza. Kamera inaona lori, leza inalimulika lori, kombora linaufuata mwanga unaorudi. Ndiyo maana unaweza kuvuruga GPS ya mkoa mzima na lori likaungua vilevile.

Kinachoweza kuikwamisha droni ni mawasiliano yake, na hapa milima yetu inaingia kwenye hesabu. Mawimbi ya redio yanayotumika hayapenyi mlima. Droni na antena ya chini lazima ziwe kama zinaonana. Droni ikiwa mita 5,000 juu ya antena, upeo wake unafika karibu kilomita 290. Ikiwa mita 100, unashuka hadi kama kilomita 40, tena hiyo ni tambarare, na Masisi si tambarare. Droni kubwa hupaa juu kwa sababu hiyo pia, si kwa kujificha tu. CH-4 inaweza hata kuendeshwa kupitia setilaiti, na hapo kilima hakina neno tena.

Zile ndogo, ambazo mwendeshaji anavaa miwani na kuona kile kamera inachoona, ndizo zilizokuwa dhaifu. Huko Ukraine nyingi zilianguka kwa kuvurugwa redio. Kisha mwaka 2024 zikaanza kuonekana kwa wingi droni zinazofungua uzi mwembamba wa kioo nyuma yake, kilomita 10 na zaidi, ule ule uzi wa fiba unaoleta intaneti. Picha na amri zinapita ndani ya uzi, redio haihitajiki, basi hakuna cha kuvuruga. Mimi mtu wa redio nasema wazi: hilo limenishtua kuliko makombora yote. Vifaa vya bei mbaya vilivyonunuliwa kuvuruga redio havina la kufanya mbele ya uzi.

Kuna aina moja ambayo kuvuruga GPS kunaiumiza kweli. Ni zile kama Shahed-136 ya Iran, kitu cha kilo 200 hivi kinachopewa namba za mahali kabla ya kuruka na kwenda kujilipua hapo. Zikighushiwa mawimbi, nyingi hupotea. Waliozitumia wakajibu kwa antena za vipande vingi, zinazoziba sikio upande ule tu mvurugaji aliko.

Kwa hiyo wanaoumia kwanza ni nyinyi na marubani. Mwaka 2024 Umoja wa Mataifa uliripoti mawimbi ya GPS kuvurugwa na kughushiwa Kivu Kaskazini, na ndege zilizoathirika ni pamoja na zile za misaada. Sitaingia katika nani anafanya nini. Nasema tu kwamba droni ya kijeshi imejengwa ikitarajia kuvurugwa, na boti yako haikujengwa hivyo.

Kuhusu mlio: usijaribu kujua kwa sikio kama droni ina silaha. Goma ilianza kusikia injini hizo Desemba 2013, MONUSCO, kikosi cha Umoja wa Mataifa cha kulinda amani Kongo, iliporusha droni za Falco za Italia, za kupiga picha tu, na zilikuwa za kwanza za aina hiyo kwa Umoja wa Mataifa. Mtu aliangalia juu akaendelea na kazi yake. Uwanja wa ndege wa Goma uliposhambuliwa kwa droni Februari 2024, hakuna aliyedharau tena, lakini sikio bado halitofautishi.

Telefone iliyowashwa inaongea na mnara mara kwa mara, na jeshi lenye vifaa linaweza kuifuata. Hilo ni kweli. Ila boti yenye watu mchana kweupe haihitaji telefone ili ionekane, na usiku kamera ya joto inaiona injini yako vizuri kuliko mimi ninavyoona taa. Abiria wakizima dakika kumi hawafichi kitu. Ningewaacha waziwashe, maana likitokea la kutokea, wa kuwaita ni kwa hizo hizo.

Na yule muuzaji amesema nusu. GPS na Galileo ya Ulaya ziko kwenye masafa yale yale, megahezi 1575.42, BeiDou ya China na GLONASS ya Urusi ni majirani wa karibu. Anayeziba moja anaweza kuziba zote kwa mtambo mmoja. Kwenye kughushi ndiko kifaa kipya kinasaidia, kwa sababu wa kughushi analazimika kuiga mifumo yote kwa pamoja, na tangu 2025 Galileo inatuma sahihi ya kidijitali ambayo kipokezi kinaweza kuihakiki. Muulize: kifaa hiki kinasoma sahihi hiyo? Akibabaika, funga pochi.

Kwanza nunua dira, uiweke mbali na injini na spika za muziki. Kila nusu saa linganisha: mwelekeo wa kifaa, mwelekeo wa dira, ncha ya Idjwi. Kifaa kikisema boti inakimbia kilomita 120 kwa saa, kimeshakamatwa. Kizime, shika dira, andika saa na mahali kilipoanza kudanganya, kisha mpigie nahodha anayekuja kutoka Bukavu.