Boksi la Mama

Swali la wiki hii linauliza: ni msanii gani wa nchi nyingine aliyekufanya uutazame upya utamaduni wako? Kwangu mimi ni Marianna Economou, Mgiriki anayetengeneza filamu za maisha halisi.

Filamu yake ya mwaka 2013, Food for Love, inawahusu akina mama wa Kigiriki wanaopika na kuwatumia chakula watoto wao walio mbali. Na watoto wenyewe ni watu wazima! Niliitazama nikalia. Nilipokuwa nasoma chuo Dar es Salaam, mama yangu aliyeko Tanga alikuwa hapitishi wiki mbili bila kunipigia: "Nenda Ubungo, mzigo wako uko kwa kondakta." Boksi limezungushiwa selotepu hadi kisu kinakwama, jina langu na namba ya simu vimeandikwa kwa maka peni nyeusi. Ndani mna samaki wa kukaanga, visheti, na achari ya ndimu kwenye kopo la maziwa ya unga, mfuniko umekazwa kwa mfuko wa nailoni. Kopo hilo lazima lirudi Tanga. Akishaniuliza habari za masomo, linalofuata ni kopo.

Sikuwahi kufikiri kwamba ule ulikuwa utamaduni. Shuleni tuliambiwa utamaduni ni ngoma na mavazi. Ugiriki nayo wengi wetu tunaijua kwa magofu yake tu. Economou alisomea anthropolojia, yaani elimu ya watu na tamaduni zao, huko London, na kamera yake anaipeleka jikoni, kwa watu ambao hakuna mtalii anayewatafuta. Hapo ndipo ninapompendea.

Mwaka 2019 alitoa When Tomatoes Met Wagner, ambayo Ugiriki iliichagua kuiwakilisha kwenye tuzo za Oscar. Inahusu kijiji cha Elias, huko Thessaly, katikati ya Ugiriki, ambacho wakati huo kilikuwa kimebakiwa na watu 33. Binamu wawili wakishirikiana na mabibi wa kijijini wanalima nyanya za asili, wanazisindika kwenye chupa na kuziuza nje ya nchi. Shambani wamefunga spika, nyanya zinapigiwa muziki wa Wagner, mtunzi Mjerumani wa zamani, ili zistawi. Kama muziki unasaidia au hausaidii, mimi sibishani. Macho yangu yalikuwa kwa wale mabibi. Kijiji kinaisha watu, lakini wao wana kazi ya kuamkia, na ujuzi wao wa nyanya unafika nchi ambazo hawajawahi kuzikanyaga. Mzee akitunzwa hivyo, hata lugha na mapishi ya mahali pale yanapata mtu wa kuyabeba siku moja zaidi.

Likizo iliyopita nilimrekodi mama kwa simu akifunga boksi la mdogo wangu anayesoma Dodoma.

"Sasa hapa unachukua nini, mwanangu?" akaniuliza, ncha ya selotepu ameing'ata.

Nikamwambia, "Endelea tu, mama." Nilirekodi dakika 40, mpaka alipoandika namba ya simu na kuipulizia wino ukauke.