Saa 8 usiku, lakini usiku wa lini?

*Assalaam alaykum, dada. Namtengenezea kaka yangu programu ya kupangia safari za wageni, mashua za kisiwa cha Misali na gari za kuwapokea. Watu wanaandika saa kwa Kiswahili, mimi nazigeuza ziwe za mfumo wa saa 24. Safari ya "Alhamisi saa 8 usiku" imeingia siku siyo. Na mteja wa London, tangu Machi iishe, kwenye simu ya video anaingia saa nzima kabla yetu. Nimekosea wapi?*
*Msomaji, Wete, Pemba*

Wa alaykum salaam, mdogo wangu. Hilo la usiku nalijua kwa uchungu. Niliwahi kuandikia nyumba ya wageni hapa Unguja programu kama yako. Dereva alikwenda uwanja wa ndege usiku wa kabla, akarudi mtupu. Mgeni alipotua kweli hapakuwa na mtu, mama na watoto wawili wakakaa juu ya mabegi hadi alfajiri. Kosa lilikuwa langu.

Usiku unajumlisha 18: 8 na 18 ni 26. Ukitoa 24 unabaki na 02:00, na hapo hapo lazima tarehe isogee iwe Ijumaa. Wewe, nadhani, umetoa 24 ukaiacha tarehe pale pale. Lakini mtu akiandika "Ijumaa saa 11 alfajiri", usisogeze tarehe. Kwake Ijumaa imeshaingia. Asubuhi, mchana na jioni jumlisha 6, ila saa 12 asubuhi ihesabu kama sifuri, la sivyo utapata magharibi.

La London ni jepesi. Umetoa saa 3 kwenye saa zetu mwaka mzima, sivyo? Uingereza husogeza saa mbele Jumapili ya mwisho ya Machi, na kuzirudisha Jumapili ya mwisho ya Oktoba. Kipindi hicho tofauti yetu ni saa 2. Simu ya saa 11 jioni kwetu ni 15:00 kwao, wewe ukampa 14:00. Usihesabu mwenyewe: hifadhi wakati kwa UTC, saa ya pamoja ya dunia isiyosogezwa, kisha iachie maktaba ya saa ya lugha yako ya programu igeuze kwa majina ya kanda za saa, Africa/Dar_es_Salaam na Europe/London.

Na kwenye skrini, nakusihi, andika kwa ukamilifu: "Alhamisi usiku saa 8, kuamkia Ijumaa". Nahodha akisoma pale ufukweni asihitaji kumpigia mtu kuuliza.