Barua kwa mwanangu: lile neno aliloandika bosi kwa kalamu nyekundu

Mwanangu,

Ujumbe wako uliingia juzi usiku nikiwa nimeshavua miwani, nikaona niulalie kwanza. Kwa hiyo ofisini wamekupa kazi ya kuandika kadi ya mwaliko, upande mmoja Kiingereza, upande wa pili Kiswahili, ya hafla ya kutimiza mwaka mmoja tangu mwanzilishi wa kampuni yenu afariki. Ukaandika "to celebrate the first anniversary of the death of our founder". Bosi akachomoa kalamu nyekundu, akakata "celebrate", akaandika juu yake "commemorate", akakurudishia karatasi kimya kimya. Unaniuliza tofauti iko wapi, na kama maana yake ni kukumbuka tu, kwa nini Waingereza wasiseme "remember" yakaisha.

Nimecheka kidogo, mama, usinune. Neno hilohilo liliwahi kuniaibisha mbele za watu wakati wewe hujaanza hata shule. Nitakusimulia huko mbele.

Nianze kwa kukupunguzia machungu. Bosi wako amekata neno moja, lakini ugomvi ulikuwa kati ya mawili. "Celebrate" si mwiko kwa marehemu. Siku hizi wenye Kiingereza chao huita ibada nyingine za msiba "celebration of life", na hakuna anayeshangaa. Ungeandika "to celebrate the life of our founder", kalamu ile ingepita bila kugusa. Kilichomshtua ni "celebrate" kukaa bega kwa bega na "death", maana msomaji anaelewa kwamba mzee kafa na nyinyi mmeita muziki. "Commemorate" halina shida hiyo. Utaliweka penye kifo, penye ushindi, penye ajali, penye kuasisiwa kwa chuo, na kote huko halitabasamu wala halikunji uso.

Asili ya maneno yenyewe inasaidia. "Celebrate" limetoka kwenye Kilatini "celeber", lililosemwa mahali panapofurika watu. Umati ndio mbegu yake, furaha imeota baadaye. Ndiyo maana Kiingereza cha kanisani hadi leo kinalitumia kwa padri anayeongoza misa, hata misa ya mazishi. "Commemorate" limetoka kwenye "memor", yaani mwenye kukumbuka, likapita "memorare", kutaja jambo au kulileta akilini. Ile memo inayozungushwa ofisini kwenu ni ndugu yake wa damu, kwa kuwa "memorandum" kwa Kilatini ni jambo linalopaswa kukumbukwa. Nomino yake, "commemoration", ilitangulia kuingia Kiingereza katika karne ya 14, na kitenzi kikafuata mwishoni mwa karne ya 16. Kilikuja kimevaa joho na hakijalivua. Utakikuta kwenye hotuba, kwenye vibao vya ukutani, kwenye taarifa za serikali. Mtu anayekunywa chai na mkewe hakitumii.

Sasa "remember", na hapa univumilie kwa sababu ndipo penye utamu. Kukumbuka ni kazi ya ndani. Unaweza kumkumbuka bibi yako ukiwa kwenye foleni, mdomo umefumba, na aliye nyuma yako asijue. Ili useme "commemorate" lazima pawe na kitu kinachoonekana au kusikika: shada limewekwa, kibao kimezinduliwa, majina yamesomwa, watu wamesimama. Ukimwambia Mwingereza "I commemorate my grandmother every day", atataka kujua unafanya nini hasa, na huenda akachungulia kama una mnara uani.

Chukua stempu. Mwaka 1893 posta ya Marekani ilitoa stempu 16 za kutimiza miaka 400 tangu safari ya Columbus ya mwaka 1492. Stempu ni kikaratasi chenye gundi nyuma, hakina akili ya kukumbuka chochote. Huwezi kusema stempu "remembers". Lakini stempu "commemorates" ni Kiingereza safi kabisa, na jiwe vilevile, na sarafu vilevile. Mimi nikiwa na shaka na sentensi huwa napima hivyo: naondoa watu wote, naacha jiwe peke yake, naangalia kama kitenzi bado kinasimama.

Au fikiria Uingereza tarehe 11 Novemba 1919, mwaka mmoja kamili tangu mizinga ya Vita Kuu ya Kwanza inyamaze. Ilipofika saa tano asubuhi nchi nzima ilisimama kimya kwa dakika mbili. Kila mtu alikuwa na yake kichwani. Wapo waliomwona mtoto wao aliyezikwa ng'ambo, na bila shaka yupo aliyewaza kiatu kinachombana. Nani alikumbuka na nani hakukumbuka, hatuna pa kuulizia. Lakini wote waliosimama walitenda kile kinachoitwa "commemorate", hata yule wa kiatu. Na ajabu ni kwamba siku yenyewe leo hawaiiti kwa neno hilo la joho, wanaiita Remembrance Day. Siku ya watu ikapewa neno la watu, hilo jingine wakawaachia waandishi wa taarifa.

Maneno haya mawili yamewahi kugombea hata mstari mmoja wa Biblia. Luka 22:19, Yesu anaumega mkate. Tafsiri ya King James ya mwaka 1611 inasema "in remembrance of me". Agano Jipya la Rheims la mwaka 1582, la Wakatoliki, ambalo lilifasiriwa kutoka Kilatini, linasema "for a commemoration of me". Mkate ni uleule, aliyeumega ni yuleyule. Biblia yetu ya Union inasema "kwa ukumbusho wangu", na kwa maoni yangu mfasiri alilenga vizuri kuliko wote wawili. Ukumbusho umetokana na kukumbusha, na kukumbusha kunataka watu wawili: mmoja anatenda, mwenzake anakumbuka. Laiti tungekuwa na kitenzi rahisi cha hivyo cha kuandika kwenye kadi. Tulicho nacho ni kuadhimisha, na hapo ndipo nilipoumbuka.

Nilikuwa mkalimani kwenye hafla ya kutimiza mwaka mmoja tangu ajali moja iliyoua watu kadhaa. Mgeni wa heshima akafungua hotuba: "We are here to commemorate the accident." Ulimi ukaitangulia akili, nikasema kwenye kipaza sauti, "Tumekusanyika hapa kuadhimisha ajali." Mstari wa mbele alikaa mama mmoja na picha ya kijana wake ikiwa kwenye fremu, ameisimamisha mapajani ituelekee sisi wa jukwaani. Hakupiga kelele. Aliinua uso, akauliza kwa sauti iliyotosha kunifikia mimi tu, "Mnaiadhimisha?" Kisha akaigeuza ile picha ikamwelekea yeye. Hotuba yote iliyobaki niliifasiri nikitazama mgongo wa fremu, mbao nyembamba yenye misumari minne midogo, mmoja umepinda.

Nilipofika nyumbani nilifungua kamusi, na kamusi ikanitetea: "commemorate" ni kuadhimisha, imeandikwa. Sikuridhika. Adhimisha linatokana na adhimu, yaani tukufu, kubwa, la kuheshimiwa. Tunapoadhimisha uhuru au kuzaliwa kwa mtu mkuu, utukufu huo uko mahali pake, na siku nyingi hata hatuusikii kwa sababu neno limezoeleka. Peleka kitenzi hichohicho kwenye ajali au mauaji, na yambwa yake, yaani kile kinachotendwa, ikawa tukio lenyewe, utukufu unaamka. Neno la Kiingereza halikuwa na utukufu huo. Niliuongeza mimi bila kuombwa.

(Tukiwa hapohapo: ni kuadhimisha, kwa dh. Kila mwaka naona mabango yenye "maazimisho", na kila mwaka najiuliza wameazimana nini.)

Dawa niliyojifunza ni kuhamisha yambwa. Tukio baya usiliadhimishe. Sema mnawakumbuka waliokufa, au mnafanya kumbukumbu ya siku ile. Ukiangalia vizuri, wenye Kiingereza nao wakifika penye uchungu mkubwa huchagua maneno kwa kunyata. Mwaka 2005 Umoja wa Mataifa ulipoitenga tarehe 27 Januari, siku ambayo Auschwitz, kambi ambamo Wanazi waliwaua Wayahudi wengi, ilikombolewa mwaka 1945, jina rasmi liliandikwa "International Day of Commemoration in Memory of the Victims of the Holocaust". Lisome polepole. "Commemoration" limesimama peke yake, ni kazi inayofanyika siku hiyo. Halafu "in memory of", na kinachofuata ni watu, wahanga. Mauaji yenyewe yamewekwa mwisho kabisa, mbali na neno hilo la kwanza. Wanyarwanda wao, kila tarehe 7 Aprili, wanasema Kwibuka, kukumbuka, basi. Kiingereza kinaliita "commemoration", nasi tukilifasiri tuseme kumbukumbu ya mauaji ya kimbari. Nikisikia mtangazaji anasema "maadhimisho ya mauaji", naiona ile misumari minne.

Wamarekani wana kidonda chao cha namna hii. Jumatatu ya mwisho ya Mei ni Memorial Day, siku ya askari waliokufa vitani, iliyoanza kama siku ya kupamba makaburi mwaka 1868. Kwa kuwa ni mapumziko, watu hutakiana "Happy Memorial Day", na waliofiwa huinama tu. Ni kosa lako lilelile, mwanangu, furaha imewekwa karibu mno na kaburi. Unaona hauko peke yako.

Mambo madogo ya matumizi niyapitie haraka. Kitenzi hiki hakitaki kihusishi: usiandike "commemorate for" wala "commemorate about", mara baada yake weka mtu au tukio. Wenye masikio makali husema mwaka au miaka inayotimia haifai kuwa yambwa yake, kwamba "anniversary" una-"mark" au una-"observe", na unacho-"commemorate" ni jambo lililotokea. Wengi hawalijali hilo, na bosi wako ni mmoja wao, wala sitakushauri umsahihishe. Mtu aliye hai mpe "honour". Tendo lake linaweza kupata "commemorate", kwa mfano kibao cha kukumbusha ziara yake, lakini yeye mwenyewe hapana. Bosi wako akiliona neno hilo karibu na jina lake atajipima mapigo ya moyo.

Tahajia: m mbili mwanzoni, kisha moja. Watu huzigeuza, wakaweka moja kisha mbili. Na ukiombwa kuisoma kadi kwa sauti siku hiyo, ujue kwamba ulimi wetu umezoea kukaza silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo utavutwa kukaza "mo". Mkazo wake uko kwenye "mem". Sema mara tatu ukiwa bafuni, inatosha.

Kuhusu kadi, mimi ningeachana na "death" kama jambo linalobebwa na kitenzi, hata kwa hilo neno la bosi. Upande wa Kiingereza ningeandika "to commemorate the life and work of our founder, one year after his passing". Hapo neno la bosi limebaki, atafurahi, na kinachokumbukwa ni alichokifanya mzee. Upande wa Kiswahili usifasiri neno kwa neno. Andika "kumkumbuka na kumuenzi mwanzilishi wetu, aliyetangulia mbele ya haki mwaka mmoja uliopita". Kumkumbuka ni kwa ajili ya familia yake itakayokaa mstari wa mbele. Kumuenzi ni kwa ajili yenu wa ofisini, maana anayemuenzi mtu ameahidi kuendeleza alichokiacha, kwa hiyo hakikisheni mna nia hiyo kabla ya kuchapa. Neno adhimisha liache, ingawa kwa maisha ya mtu lingekubalika. Mjane wake atakuwepo, umesema, na mimi sitaki tena kubahatisha mbele ya mstari wa kwanza.

Nitumie picha ya kadi kabla haijaenda kupigwa chapa. Nataka nizihesabu hizo m.

Baba yako