Maswali ya Wasomaji: Mama Alikuwa Anaenda Liberty Kuangalia Picha

Mwangaluka wasomaji wetu wa kanda ya ziwa na mlioko mbali. Safari hii nina barua tatu, ya kwanza nimeijibu kwa urefu kwa sababu nimeisoma mara nne na kila nikiisoma inanigusa.

SWALI: Shikamoo dada. Mi niko Kirumba hapa Mwanza, nimezaliwa 1994. Nikipita na mama mtaa wa Liberty huwa anapunguza mwendo anasema huku ndo tulikuwa tunakuja kuangalia picha na baba yako kabla hatujaoana, tena picha za Kihindi, na mpaka leo akiwa jikoni anaimba nyimbo zake neno kwa neno na Kihindi hajui hata cha kuombea maji. Mi sijawahi kuingia jumba la sinema la zamani maisha yangu yote. Walikuwa wanaelewaje picha la masaa matatu bila tafsiri? Na haya majumba yalikufaje, watu walichoka au?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Kwanza mwambie mama asiache kuimba.

Hilo la kuelewa bila tafsiri wengi wanaliuliza na mi naona jibu liko kwenye hadithi zenyewe. Chukua Awaara ya Raj Kapoor ya mwaka 1951, picha iliyopendwa sana huku kwetu Afrika Mashariki na ikawa inarudishwa na kurudishwa. Jaji tajiri anamshuku mkewe, anamfukuza akiwa na mimba, mtoto anakulia uswahilini anakuwa mwizi, mwisho baba na mwana wanakutana mahakamani. Sasa niambie mtu aliyetoka Magu au Sengerema, anayejua kesi ya mke kurudishwa kwao, anayejua kikao cha ukoo na mahari ya ng'ombe, hapo anahitaji tafsiri ya nini? Mama mjane, ndugu waliopotezana utotoni, kijana masikini kapenda binti wa tajiri na wazee wamekataa, hayo yote yalikuwa yetu. Alafu kuna nyimbo, na wimbo unashika kichwa kabla ya maana. Na kama kuna mahali umepotea basi jirani kwenye kiti anakunong'oneza, maana ndani ya jumba walikuwa wamekaa watu wa kila namna, Wahindi wenyewe wenye lugha yao, Waarabu, Wasukuma, Wahaya, Wakerewe waliovuka na meli, na anayejua anamwambia asiyejua. Stelingi akipigwa jumba zima linapiga kelele, na kwa kelele hizo tu unajua nani mwema nani adui.

Halafu fikiria picha ilivyokuwa inafika. Ile filamu ya milimita 35 haikuwa kitu cha kutia mfukoni, ni mikanda mizito ndani ya makopo ya bati, mkanda mmoja mkubwa unaenda kama dakika 20 hivi, kwa hiyo picha la Kihindi la masaa matatu ni makopo tisa au zaidi. Kwenye chumba cha mashine kunakuwa na mashine mbili, mkanda huu ukikaribia kuisha fundi anawasha mashine ya pili kwa wakati ule ule, akichelewa kidogo mnakaa gizani na miluzi inaanza. Mzigo wa namna hiyo kutoka Dar ni zaidi ya kilometa 1,200, na reli ndo iliyouweka mji wetu karibu na mambo hayo, ilifika Mwanza kutoka Tabora mwaka 1928, wakati mji wenyewe Wajerumani walishauanzisha tangu 1892. Ndo maana mpaka leo watu wazima wakiongelea filamu wanasema "mkanda", neno lilitoka kwenye yale makopo likahamia kwenye kaseti za video na halijaondoka.

Sasa yalikufaje. Hapa naomba unisikilize vizuri maana kuna maneno mepesi yanasemwa, eti watu walipoteza hamu. Hapana. Watu hawakupoteza hamu hata siku moja.

Mwaka 1968 serikali ilianzisha Kampuni ya Filamu Tanzania, TFC, na kazi ya kuingiza na kusambaza picha ikaenda huko, kwa nia nzuri kabisa ya kutaka nchi iwe na sauti kwenye kitu kinachoangaliwa na watu wake. Kisha ikaja Aprili 1971, sheria ya kutaifisha majumba, nyumba ya biashara au ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000 ikawa ya serikali chini ya Msajili wa Majumba. Barabara za katikati ya mji kwenye miji yetu mingi zilijengwa na familia za Kihindi, kwa hiyo unaweza kuona uzito wake, mtu aliyejenga anageuka mpangaji, na mpangaji hawezi kuweka pesa kubwa kubadili viti au kuleta mashine mpya kwenye nyumba isiyo yake. Familia nyingi zilifunga mizigo zikaenda Uingereza na Canada. Mi siandiki haya kuwalaumu waliotunga sheria, nia yao ilikuwa usawa na nyumba za kupanga zilikuwa za wachache kweli, ila jumba la sinema ni kitu kinachotaka mwenyewe awe anakipenda kila siku.

Mwishoni mwa miaka ya 1970 vita ya Kagera, mafuta juu, pesa za kigeni hakuna. Picha mpya zitatoka wapi? Ikawa mikanda ile ile inarudiwa mpaka imejaa mikwaruzo, sauti inakatika, na mtu analipia kuona alichokiona. Hata hivyo watu walienda! Maana kumbuka Tanzania bara haikuwa na televisheni. Zanzibar walianza yao mwanzoni mwa miaka ya 1970, tena ya rangi, sisi huku bara tumesubiri mpaka 1994 ndo stesheni za kwanza zikaanza kurusha, yaani mwaka uliozaliwa wewe. Kwa hiyo kabla ya video, ukiwa mjini na unataka kuona picha inatembea, ni jumba la sinema au hakuna. Kilichokuja kuvunja mgongo ni video miaka ya 1980, deki moja na kaseti ya kukodi, sebule ya mtu inakuwa sinema, na TV ilipokuja ikamalizia.

Mi nimekulia Mabatini na nimeshuhudia kilichofuata, kibanda umiza. Mabati, magunia madirishani, mabenchi ya mbao, jasho, na TV moja ndogo huko mbele. Hapo ndo tafsiri ilipoanza kwa kweli, wakatokea watu wa kuingiza sauti ya Kiswahili juu ya picha, Lufufu wa Dar ndo aliyejulikana kuliko wote, anakuelezea kila kitu mpaka mawazo ya stelingi. Nilikuwa napenda na sitaki kukudanganya. Ila nilikuwa msichana, na nikiingia kule naingia kwa kujificha nyuma ya kaka yangu, kwa sababu kibanda umiza kilikuwa cha wavulana na mama yangu alikuwa anaona aibu hata kupita mbele yake. Jumba la sinema halikuwa hivyo. Jumapili kwenye miji yetu ilikuwa siku ya familia, mama kavaa, watoto wamepakwa mafuta, wachumba wamekaa mbele ya macho ya watu bila mtu kuwasema vibaya. Wa pesa kidogo anakaa mbele karibu na pazia, mwenye nazo anakaa juu, lakini mlango ni mmoja na wanatoka wote wanaimba. Kwa hiyo ukiniuliza tulipoteza nini mi sitataja filamu, filamu sa hivi ziko kwenye simu. Tulipoteza sehemu katikati ya mji ambako mama yako akiwa binti aliweza kwenda jioni na kijana aliyempenda, na ikawa ni jambo la heshima.

Ndo maana nakuomba ufanye hivi, tena wiki hii. Kaa na mama, washa kinasa sauti cha simu, muulize walikaa wapi, kiingilio kilikuwa shilingi ngapi, alivaa nini, nje walikuwa wanauza nini, walirudi nyumbani kwa miguu au vipi. Kama kuna picha ya zamani kwenye sanduku igeuze, nyuma huwa wameandika tarehe. Ukituletea nakala tutaipa ukurasa.

SWALI: Babu yangu marehemu alikuwa anasema sinema ya kwanza aliiona kijijini, kwenye kitambaa cheupe, imeletwa na gari, wakati wa Mwingereza, kabla hata ya vita vya Hitler. Wajomba wanasema alikuwa anachanganya. Inawezekana? Msomaji, Misungwi.

JIBU: Inawezekana kabisa, na wajomba wamuombe radhi kaburini. Kati ya 1935 na 1937 kulikuwa na mradi wa kutengeneza filamu za mafunzo kwa Waafrika, makao yake yakiwa Vugiri kule milima ya Usambara, wakitengeneza filamu za kilimo, afya, kuweka akiba posta na mambo kama hayo, waigizaji wakiwa Waafrika, halafu lori lenye mashine linazunguka nazo Tanganyika, Kenya, Uganda mpaka Nyasaland (Malawi ya leo) na Rhodesia ya Kaskazini (Zambia ya leo). Na baada ya vita magari ya sinema yaliendelea kupita vijijini miaka mingi. Waliotengeneza walidhani Mwafrika hawezi kufuata picha inayokwenda haraka, wakawa wanazitengeneza polepole kwa makusudi. Mi hilo linaniuma, kwa sababu watu hao hao walipofika mjini walifuata picha la Kihindi masaa matatu bila kupotea.

SWALI: Dada, niko Dar lakini asili yetu Kwimba. Wanangu hawajui Kisukuma wala ngoma, wanajua simu tu. Mwezi wa sita tunakuja Mwanza. Niwapeleke wapi waone kitu cha kweli, sio cha hotelini?

JIBU: Bujora, Kisesa, na mwezi umechagua vizuri. Makumbusho yale ya Wasukuma yaliasisiwa na Padri David Clement, Mkanada wa Quebec ambaye watu walimwita Fumbuka, kazi ikianza miaka ya 1950. Kanisa la pale limejengwa kwa umbo la nyumba ya mtemi. Padri huyo ndiye aliyeunganisha sikukuu ya Ekaristi Takatifu na mashindano ya ngoma, ndo hiyo Bulabo, inaangukia mwezi wa sita mara nyingi, watu wakiwa wametoka kuvuna.

Waambie watoto hadithi kabla hawajafika. Zamani walikuwepo waganga wawili, Ngika na Gumha, wakibishana nani dawa yake inazidi, wafuasi wa mmoja wakawa Bagika na wa mwingine Bagalu, na ubishi huo haujaisha mpaka leo. Pande zote mbili zinapiga ngoma kwa wakati mmoja kwenye uwanja ule ule na mshindi ni yule anayevuta watu wengi upande wake. Kwa hiyo wachezaji wafanye nini ili watu wasiwakimbie? Huyu anacheza na chatu, yule anakuja na fisi, wale wa bugobogobo wanarusha majembe juu na kuyadaka kwa mdundo, ngoma iliyozaliwa shambani kwenye vikundi vya kulima.

Kutoka mjini panda daladala za Kisesa, barabara ya Musoma, ukishuka pale bodaboda yeyote anaijua Bujora, sio mbali. Nendeni asubuhi, bebeni kofia na maji. Na usiwachagulie watoto upande wa kusimama, waache wavutwe wenyewe, halafu jioni waulize wao ni Bagika au Bagalu.