Ukuta wa Ghala Uanze na Mizani

Swali la wiki hii: mchoro wa ukutani unaochorwa na wanakijiji wenyewe unaweza kuwasaidia kudai haki, au ni pambo tu? Kwa wakulima wa korosho wa Mtwara unasaidia, mradi uonyeshe kitu ambacho mkulima anaweza kukihakiki palepale.

Mkulima anayetabasamu chini ya mkorosho ni pambo. Tangu stakabadhi ghalani, yaani mfumo wa mkulima kukabidhi korosho, kupewa risiti na kulipwa baada ya mnada, ianze mkoani hapa mwaka 2007, korosho hupita mikono mingi kabla ya pesa kurudi: AMCOS (chama cha ushirika cha wakulima), ghala kuu, mnada, kisha malipo. Chora safari hiyo. Kwenye mizani, mshale uonekane kwenye sifuri kabla gunia halijapandishwa. Kwa karani, ichorwe risiti yenye kilo na daraja. Pembeni pakeni mita moja ya mraba rangi nyeusi ya ubao, ili bei ya mnada na kila makato yaandikwe kwa chaki. Ubao ukikaa mtupu baada ya mnada, watu watauliza.

Kuamua kinachochorwa, wanawake wakae kikao chao kwanza; kwenye mkutano wa pamoja wazee humaliza maneno yote. Kibali cha mchoro kiingie kwenye muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji, la sivyo mwenyekiti ajaye atapaka rangi juu yake. Wala msichore sura ya mtu anayetambulika, hata kama kijiji kizima kinamjua mwizi. Itakuwa kesi.

Ukuta wa mita 6 kwa 2.5 una mita za mraba 15. Chora kwanza kwenye karatasi ya sentimita 60 kwa 25, yenye miraba ya sentimita 5. Ukutani kila mraba unakuwa wa sentimita 50. Ni miraba 60 ya kugawana. Pigeni mistari kwa chaki, maana mkaa huchafua rangi ya njano. Galoni ya lita 4 ya rangi nyeupe ya maji inatosha mikono miwili kwenye plasta laini. Plasta ya mparuzo hunywa zaidi. Plasta mpya ya saruji isubiri wiki 4, kwani ukali wake huunguza rangi.

Kuta za mawe ya matumbawe na chokaa, kama za Mikindani, ni habari nyingine. Rangi ya plastiki, hata hiyo nyeupe ya maji, huzuia unyevu kutoka, chumvi ikajikusanya nyuma yake, rangi ikavimba na kubanduka. Hapo tumieni chokaa iliyotiwa udongo mwekundu au wa njano. Chumvi ikitokeza, ipanguseni kwa brashi kavu; ikioshwa huyeyuka na kurudi ukutani.

Kazi ifanyike kati ya Julai na Septemba, ukuta ukiwa mkavu na minada haijaanza. Fundi mchoraji alipwe, na wanaojaza miraba walipwe pia. Kijana aliyeacha shamba lake si mfadhili. Pesa ya chaki ya msimu mzima iwekwe kwenye bajeti hiyohiyo, na mwandishi wa ubao asiwe karani wa mizani.