Kadi ya babu yako

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata na nimeisoma mara tatu. Unasema mlikuwa mnabishana na wenzako chuoni, mmoja akashikilia kuwa utaifa wa Afrika ulikuwa shughuli ya wasomi wachache waliofundishwa na mkoloni mwenyewe, wakadai uhuru ili wakalie viti vyake, na wananchi wengine wakabaki kupiga vigelegele. Ukaniuliza: "Mama, wewe umefundisha historia miaka yote hiyo. Ni kweli?" Siku ile kwenye simu nilikwambia subiri, kwa sababu jambo hili linanigusa na sikutaka kulijibu kijuujuu.

Nianze na babu yako, maana mimi nilianzia kwake. Unakikumbuka kile kikopo chake cha biskuti alichokiweka chini ya kitanda? Ndani yake kulikuwa na kadi ya TANU, chama kilichodai uhuru wa Tanganyika, imekunjwa mara mbili mpaka mkunjo umeanza kukatika, jina lake limeandikwa na karani wa tawi kwa wino wa buluu. Yeye hakujua kusoma wala kuandika. Alikuwa kuli bandarini Dar es Salaam, na bega lake la kulia lilikuwa na sugu ngumu kama kisigino.

Kadi hiyo aliipata miaka ya hamsini, lakini mgomo aliugoma mapema zaidi. Septemba 1947 makuli wa bandari ya Dar es Salaam waliacha mizigo palepale wakadai nyongeza ya mshahara, na mgomo ukasambaa kufuata reli hadi bara. TANU ilikuwa haijazaliwa, ingengoja miaka saba zaidi. Nyerere alikuwa mwalimu kijana huko Tabora. Hakuna msomi aliyewaambia makuli kwamba wanaonewa. Babu yako alikuwa akisema, "Kinachotuuma tulikijua. Kukiandika ndiko tulikokuwa hatujui."

Tanganyika ilikuwa nchi ya udhamini, Mwingereza akiitawala chini ya macho ya Umoja wa Mataifa, na wenyeji walikuwa na haki ya kupeleka malalamiko yao New York. Haki hiyo ilikuwa imefungwa kwa Kiingereza. Mwaka 1951 Wameru waliondolewa kwa nguvu Engare Nanyuki ili ardhi yao wapewe walowezi wa Kizungu. Walichanga fedha, wakamtuma Kirilo Japhet, kijana wao aliyesoma, na mwaka 1952 akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa. Ardhi haikurudishwa. Ila nchi nzima ilisikia kwamba mtu wa Meru amekwenda kumshitaki Mwingereza mbele ya dunia, na hapo watu walianza kuelewa msomi ni wa kazi gani.

Sasa hao wasomi walitoka wapi? Mkoloni hakujenga shule kwa mapenzi, alihitaji makarani, walimu na wakalimani wa bei nafuu. Lakini shule ina mambo yake. Fort Hare ilipofunguliwa Afrika Kusini mwaka 1916, Makerere mwaka 1922, au pale William Ponty kule Senegal, vijana wa makabila yasiyojuana walilala bweni moja na kuzungumza lugha moja. Walisoma jinsi Waingereza walivyombana mfalme wao na Wafaransa walivyompindua wa kwao. Kisha wakatoka wakaingia ofisini, wakamkuta Mzungu mwenye elimu ndogo kuliko yao akilipwa mshahara mkubwa mara kadhaa. Oktoba 1945 walikutana Manchester kwenye Mkutano wa Tano wa Umajumui wa Afrika, yaani harakati za kuwaunganisha Waafrika wote, Nkrumah wa Ghana, Kenyatta wa Kenya na Banda wa Malawi wakiwa katika ukumbi mmoja. Ndani ya miaka ishirini wote watatu walikuwa wanaongoza nchi zao.

Mwenzako akiishia hapo ataona ameshinda: wasomi, wasomi, wasomi. Mwambie aendelee kusoma.

African Association ya Dar es Salaam ilianzishwa mwaka 1929 na walimu na makarani kama Cecil Matola na Kleist Sykes. Walikuwa watu wa heshima, na siwadharau, maana bila wao kusingekuwa na jengo wala jina. Lakini kwa miaka mingi kazi yao kubwa ilikuwa kuandika barua za adabu kwa serikali, na serikali ilizijibu kwa adabu vilevile bila kubadilisha kitu. Gold Coast, ambayo leo ni Ghana, mambo yalikuwa hivyohivyo. Mwaka 1947 mawakili na wafanyabiashara waliunda chama chao, UGCC, wakamwita Nkrumah arudi nyumbani kuwa katibu wao. Februari 1948 askari waliopigana vita vya dunia waliandamana Accra kudai haki zao, wakapigwa risasi, na nchi ikachafuka. Mawakili walitaka kwenda polepole. Nkrumah akaachana nao, na Juni 1949 akaunda chama chake, CPP, pamoja na vijana waliosoma madarasa machache tu, wale waliodharauliwa kwa kuwa walilala barazani mwa nyumba za watu. Mwaka 1951 CPP ilishinda uchaguzi naye akiwa gerezani, akatoka jela kwenda kuunda serikali.

Na Nyerere? Hapa nitakawia kidogo, univumilie. Mwaka 1952 alirudi kutoka Edinburgh na shahada yake, akapangiwa kufundisha shule ya Pugu, nje kidogo ya Dar es Salaam. Hakuwa na kwao Dar es Salaam. Alikuwa Mzanaki wa Butiama, Mkristo, katika mji wa Waislamu wa pwani wenye ngoma zao, vyama vyao na wazee wao. Wenyeji ndio waliompokea. Abdulwahid Sykes, mtoto wa Kleist, alikuwa kiongozi wa ile African Association, ambayo mwaka 1954 ilizaa TANU, na mwaka 1953 Nyerere alishindana naye katika uchaguzi akashinda. Sykes hakununa, aliendelea kumfungulia milango. Dossa Aziz alitoa gari lake. Mzee Mshume Kiyate, muuza samaki wa Kariakoo, alihakikisha nyumba ya Nyerere haikosi chakula baada ya kuacha ualimu mwaka 1955, alipotakiwa kuchagua kati ya chaki na siasa.

Kisha Bibi Titi Mohamed. Alikuwa anajulikana mjini kwa uimbaji katika kikundi cha ngoma cha Bomba. TANU ilipotaka wanawake, haikuhitaji mwenye shahada, ilihitaji mtu ambaye akiita, uwanja unajaa. Bibi yako alichukua kadi kwa sababu ya Bibi Titi, wala hakuwa amemsikia Nyerere hata siku moja. Alisimulia kwamba alikwenda na mtoto mgongoni, akafika amechelewa, akasimama nyuma kabisa asione chochote, ila sauti ile ikamfikia. Halafu kuna Kiswahili chenyewe. Msomi wa Edinburgh akisimama Mnazi Mmoja na Kiingereza chake angeambulia patupu. Ilimbidi aseme na makuli kwa lugha yao, awe mwanafunzi tena.

Usidhani namaanisha kwamba elimu yao haikuwa na faida mbele ya umati. Januari 1958, Tabora, wajumbe wa TANU walikuwa wamechemka. Serikali ilileta uchaguzi wa kura tatu, kila mpiga kura lazima achague Mwafrika, Mwasia na Mzungu. Wengi walisema tususie. Nyerere aliwajengea hoja hatua kwa hatua kwamba kususia ni kuwaachia wengine baraza, hadi mkutano ukakubali kuingia. Zuberi Mtemvu aliona huo ni usaliti, akaondoka akaunda chama chake. TANU ikashinda, na Desemba 1961 tukajitawala. Pale kichwa kilichosoma kilifanya kazi ambayo hasira peke yake isingeiweza.

Nikiambiwa nimtaje mmoja aliyelielewa jambo hili kuliko wote, nitamtaja Amílcar Cabral wa Guinea-Bissau. Alisomea kilimo Lisbon, na Wareno wenyewe wakamtuma kufanya sensa ya kilimo. Akatembea kijiji kwa kijiji akiuliza nani analima nini na anamiliki nini. Alipoanzisha PAIGC, chama cha ukombozi, mwaka 1956 alikuwa anaijua nchi yake kwa miguu. Ndiye aliyesema kwamba msomi anayetaka kuwa mwanamapinduzi lazima akubali tabaka lake life, azaliwe upya upande wa watu. Aliuawa Conakry, nchini Guinea, Januari 1973, kabla hajauona uhuru.

Lakini kuhusu viti, mwenzako ana hoja, na sitaki umnyime haki yake. Danquah, mmoja wa wale mawakili wa Gold Coast, alifia gerezani mwaka 1965, akiwa kizuizini chini ya serikali ya Nkrumah. Sisi tulitunga sheria yetu ya kumweka mtu kizuizini bila kesi mwaka 1962, mwaka mmoja tu baada ya bendera. Bibi Titi alifungwa kwa uhaini. Bibi yako alilia siku hiyo, na hakutaka kabisa kulizungumza. Wazalendo wale walirithi serikali iliyojengwa ili iamrishe, pamoja na polisi wake, sheria zake na nyumba zake za kando ya bahari, na wengi wao waliikuta inawakaa vizuri. Mitaani watu walishaanza kuwaita manaizi, wale waliopandishwa kwenye nafasi za Wazungu.

Ubishi huu wenu wanachuo kuhusu wasomi na viti ulikwishatokea. Oktoba 1966 wanafunzi wa chuo kikuu waliandamana na majoho yao kupinga kwenda JKT, Jeshi la Kujenga Taifa, na kukatwa mishahara. Kulikuwa na bango lililosema wakati wa ukoloni ulikuwa afadhali. Nyerere aliwasikiliza, akakasirika, akawafukuza karibu mia nne. Akapunguza na mshahara wake kwa asilimia ishirini. Nimelifundisha tukio hilo mara nyingi, na kila mara darasa liligawanyika katikati. Mimi nadhani alikosea kuwafukuza vijana wengi kiasi kile katika nchi yenye wasomi wa kuhesabika. Nadhani pia mshahara ule alipaswa kuupunguza, na ningependa wengine wangemfuata.

Kwa hiyo ukimjibu mwenzako, usiwatakase wale wazee, wala usikubali aseme babu yako alikuwa mpiga vigelegele. Mtu aliyegoma mwaka 1947 hakungoja kufundishwa kwamba ameonewa.

Kadi ninayo mimi sasa, ukija Desemba nitakuonyesha. Itazame chini ya ule wino wa buluu. Babu yako alijiunga na kisomo cha watu wazima miaka ya sabini, akiwa na mvi tayari, na siku alipoweza kuandika jina lake aliitoa kadi kwenye kikopo akaliandika tena kwa penseli. Herufi zinapanda kilima, na moja imegeuka nyuma mbele.

Mama yako akupendaye