Muulize Mwalimu: Mganga anayerudisha saa bila kulipa

*Shikamoo Mwalimu. Naandika riwaya kuhusu nchi ya kisiwani iitwayo Lumentora, ambako watu hutumia uchawi wa mwanga na wa wakati. Shujaa wangu anaitwa Nuru, ni mchawi mwema. Nimefika sura ya sita nikakwama. Kila Nuru akiingia taabani anarudisha wakati nyuma, shida inaisha. Wenzangu wa kikundi cha waandishi wanasema hadithi haina mvuto, tena eti ni ya kizungu. Nimeambatisha sura ya kwanza. Nifanyeje? – Mwandishi Chipukizi, Kayole*

Marahaba, mwanangu. Sura yako niliisoma ndani ya matatu, tumekwama Jogoo Road, kwa hiyo muda nilikuwa nao.

Tuanze na jua lako. Umeandika: "Saa saba asubuhi jua lilichomoza juu ya Lumentora." Saa saba watu wameshakula cha mchana, mama! Umeichungulia saa ya simu ukaihamisha ilivyo, na hapo ukatupa mali uliyorithi. Saa yetu huhesabiwa kwa mwanga. Saa moja asubuhi ni saa imepita tangu jua litoke, na saa moja usiku ni saa imepita tangu lizame. Hesabu hiyo inakubali kwa kuwa tuko karibu na ikweta. Nairobi iko digrii moja na kidogo tu kusini yake, na mwaka mzima urefu wa mchana haubadiliki ila kwa dakika chache. Ipeleke kaskazini mwa Norway, ambako kuna majuma ya kiangazi jua halizami kabisa, uone kama itasimama. Halafu kwetu Pwani siku huanza magharibi. Usiku wa Ijumaa, kwa wazee wetu, ni ule unaotangulia mchana wa Ijumaa: giza kwanza, mwanga baadaye. Nchi nzima ya ajabu imo humo, na bado hatujamgusa mganga.

Ndiyo, mganga. "Mchawi mwema" hayupo. Mchawi huroga, anayetibu na kufungua mafundo ni mganga, na anayesoma nyota ni mnajimu. Ukimwita Nuru mchawi, msomaji wa Kiswahili atamwogopa kuanzia ukurasa wa kwanza. Kama ndilo unalotaka, sawa, lakini naona hukulitaka.

Sasa huko kukwama kwako. Babangu alikuwa mwadhini wa msikiti mdogo Lamu. Saa ya mkono hakuwa nayo mpaka mimi nilipofika darasa la tano. Alikuwa na kijiti cha shubiri moja, kimesimikwa uani. Alasiri iliingia kivuli kilipolingana na kijiti chenyewe, ukishakitoa kile kivuli kidogo kilichobaki adhuhuri. Kazi ya kukichungulia ilikuwa yangu. Siku moja, nikitaka alasiri iwahi nimalize nikacheze, nilikivunja kijiti nusu. Nilidhani kijiti kifupi kitafikiwa upesi. Nikakaa, nikakaa. Kijiti kilipofupika na kivuli nacho kilifupika, alasiri ikaja saa yake ile ile, na mimi nikaadhibiwa kwa kuharibu kijiti.

Nuru wako anavunja kijiti na alasiri inawahi. Ndiyo maana hakuna msomaji anayehofu litakalompata.

Mpe mpaka, na mpaka wenyewe upo tayari ndani ya mwanga. Nuru ya jua hutumia dakika 8 na sekunde 20 hivi kutufikia. Ya mwezi hutumia sekunde moja na ushei. Ya nyota iliyo jirani zaidi baada ya jua hutumia zaidi ya miaka 4. Kila anayeinua uso anatazama yaliyopita. Basi mganga anayenasa mwanga kwenye kioo amenasa jana: ataiona, hataigusa. Nuru atamwona aliyezima taa ya bandarini, atamwona hadi pete kidoleni, na mkono wake hautamfikia. Hapo sura ya sita inatembea yenyewe, kwa sababu sasa ana siri ya mtu na hana namna ya kuizuia isitokee.

Na alipe. Nilipokuwa naisoma sura yako mara ya pili, nyumbani Buruburu, yuniti za stima ziliisha. Nikasimama mbele ya mita nikibonyeza tarakimu 20 za tokeni, simu nimeibana kwa meno iniangazie. Mwanga hulipiwa, tena hulipiwa mapema. Nuru akitazama saa moja ya jana, akatwe saa moja ya mchana wake wa leo, yeye peke yake. Akitazama saa tano au sita, wenzake wako kwenye chakula cha mchana, kwake tayari ni magharibi, anapapasa sahani. Sijui kwako, lakini mimi ningemsoma huyo.

Jina la nchi libadilishe. Lumentora linasikika kama mche wa sabuni. Lamu tuna vijiji kama Matondoni, tuna Kipungani. Nawe iite Kandilini, mtu ajue kuna taa. Hoja ya uzungu waachie wenzako. Nitumie hiyo sura ya sita.

*Mwalimu, mwanangu wa miaka tisa ameniuliza kama nchi inaweza kuruka siku. Nikamwambia haiwezekani. Nimekosea? – Baba Wawili, Kangemi*

Umekosea, ndugu yangu, na umwombe radhi. Samoa, nchi ya visiwa katika bahari ya Pasifiki, ililala Alhamisi tarehe 29 Desemba 2011 ikaamka Jumamosi tarehe 31. Hawakutumia uganga, waliuhama tu upande mmoja wa mstari wa tarehe, ule wa kuwazika baharini ambao upande mmoja ni leo na wa pili bado ni jana, wakaingia wa pili. Biashara yao kubwa ilikuwa na Australia na New Zealand, na ilikuwa kero: Ijumaa yao, wenzao wako Jumamosi wamefunga, Jumapili yao wako kanisani, wenzao tayari wamefungua ofisi. Kiribati nayo, ambayo mstari huo uliikata katikati, iliuhamisha mwanzoni mwa 1995 ili visiwa vyake vyote viwe na tarehe moja.

Wasamoa waliozaliwa tarehe 30 Desemba, mwaka ule siku yao haikufika. Na wewe wa Kayole, nimekuona unaandika hilo pembeni.